Neno Moja katika Buku la Udongo



Tarehe 1 Julai 1885 Bula Matari aliandika kwamba udongo usio na mtu ni mali ya Serikali. Je, haukuwa na mtu? Shamba lililopumzishwa na pori la kuwinda vilihesabiwa kuwa vitupu. Mwaka 1900 Comité Spécial du Katanga ikapewa kusimamia udongo huo.

Uhuru ulikuja 1960, lakini lile neno lilikwisha kufanya kazi yake. Sheria ya 20 Julai 1973 ikasema udongo wote ni wa Serikali, na haki ya mtu hujulikana kwa hati ya kuandikishwa. Hati ikipita miaka 2, kuivunja mbele ya tribinali ikawa shida kubwa. Hivyo mtu mwenye mashahidi na risiti za kodi aliweza kushindwa, kwa kuchelewa tu.

Wandugu, tusingoje kufukuzwa. Nendeni kwenye biro ya udongo, someni jina, namba na mipaka. Mkiona kosa, andikeni barua upesi, mshike kopi.

Udongo wa wazee wetu haukuwa mtupu. Buku liseme kweli!