Kuchelewa Mahakamani Katika Madai ya Ardhi

(Mada kwa kamati za parokia za Ngara na Biharamulo)



Tunataka tuzungumzie jambo linalowanyima wananchi wetu haki kabla hata madai yao hayajasikilizwa: kuchelewa.

Wilaya zetu zina miradi mikubwa. Biharamulo kuna Tulawaka, ambako mgodi wa dhahabu ulianza uzalishaji mwaka 2005. Ngara kuna nikeli ya Kabanga na umeme wa Rusumo, megawati 80 zinazogawanywa kwa Tanzania, Rwanda na Burundi. Miradi ya namna hii huhitaji ardhi. Sheria ya Utwaaji Ardhi ya mwaka 1967 inampa mwenye ardhi haki ya fidia, na Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 inataka fidia hiyo iwe kamili, ya haki na ilipwe mapema. Asiyeridhika anaweza kudai. Lakini haki hiyo ina tarehe ya mwisho.

Shauri la kudai ardhi yenyewe lina ukomo wa miaka 12. Shauri la kudai fidia kwa jambo lililotendwa kwa mamlaka ya sheria lina mwaka 1 tu. Anayeishtaki Serikali hutakiwa kwanza kutoa notisi ya siku 90. Aliyeshindwa katika Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya ana siku 45 za kukata rufaa Mahakama Kuu, ambayo kwetu iko Bukoba, zaidi ya kilomita 200 kutoka Ngara.

Je, aliyechelewa anasamehewa? Kwa shauri jipya, mahakama haiwezi kuongeza muda. Waziri mwenye dhamana ya sheria ndiye anayeweza, baada ya kushauriana na Mwanasheria Mkuu wa Serikali, na nyongeza haizidi nusu ya muda wa awali. Kwa rufaa na maombi, mahakama inaweza kusamehe ikiona sababu ya kutosha. Mahakama ya Rufani, katika maombi ya Lyamuya Construction ya mwaka 2010, ilitaja mambo ya kupimwa: mwombaji aeleze muda wote aliochelewa, ucheleweshaji usiwe wa kupindukia, aonyeshe bidii, si uzembe, au kuwe na sababu nyingine nzito, kama vile uharamu katika uamuzi unaopingwa. Katika shauri la Bushiri Hassan, mahakama hiyo ilisema hata siku 1 lazima itolewe maelezo.

India walilegeza zaidi. Mwaka 1987, katika kesi ya utwaaji ardhi ya Anantnag, Mahakama ya Juu ilisamehe siku 4 na kusema maelezo ya kila siku yasidaiwe kwa ukali usio na busara. Hata hivyo, aliyenufaika pale alikuwa Serikali, si mkulima.

Kwetu, ugonjwa wenye vyeti vya hospitali husikilizwa. Siku za kusubiri nakala ya hukumu huondolewa katika hesabu. Lakini kutojua sheria si sababu, na umaskini peke yake kwa kawaida hautoshi. Mkulima aliyekwama kwa kukosa nauli anaweza kuwa na madai ya kweli kabisa, na bado akashindwa.

Kwa hiyo tunaziomba kamati ziwe na daftari la madai. Andikeni tarehe ya tathmini, ya malipo na ya hukumu. Nakala iombwe kwa maandishi, na barua yenye mhuri wa kupokelewa itunzwe. Mgonjwa akitoka hospitali, aombe cheti siku hiyohiyo. Aliyekwisha kuchelewa asikae nyumbani akisikitika: kila siku anayoongeza itahitaji maelezo yake.

Nanyi wafadhili, tunajua kisima huonekana na nauli haionekani. Lakini nauli ya kwenda Bukoba ndani ya zile siku 45 inaweza kuokoa shamba la ukoo mzima. Tunaomba iwekwe kwenye bajeti.