JINA SHILO: MAANA YAKE, ASILI YAKE NA NAMNA YA KULIANDIKA

(Hotuba iliyotolewa na mwalimu wa shule ya kambi wakati wa kuadhimisha Siku ya Mtoto wa Afrika, tarehe 16 Juni, Bwera, Wilaya ya Kasese)



Tarehe hii tunawakumbuka wanafunzi wa Soweto waliopigwa risasi mwaka 1976. Hapa Bwera tarehe hii ina uchungu wa karibu zaidi. Usiku wa tarehe 16 Juni 2023 waasi waliishambulia shule ya sekondari pale Mpondwe, wakaua watu zaidi ya 40, wengi wao wanafunzi. Miili mingine iliungua hata ikabidi kupimwa vinasaba ili wazazi wajue yupi ni wa nani. Anayeuliza kwa nini Kamati imechagua kuzungumzia majina katika siku kama hii, jibu langu ni hilo.

Niliombwa niseme neno juu ya haki ya mtoto kuwa na jina. Vifungu vya sheria ni vifupi. Kifungu cha 7 cha Mkataba wa Haki za Mtoto wa Umoja wa Mataifa wa mwaka 1989, na kifungu cha 6 cha Mkataba wa Afrika wa Haki na Ustawi wa Mtoto wa mwaka 1990, vyote vinasema mtoto awe na jina tangu kuzaliwa na aandikishwe. Sheria ya Uganda ya Uandikishaji wa Watu ya mwaka 2015 nayo inataka kila mtoto anayezaliwa katika nchi hii aandikishwe. Hayo nimekwisha kuyasema. Sasa nije kwenye jambo lenyewe, nalo ni jina la mtoto mmoja tu.

Mtoto huyo ni msichana, amezaliwa hapa kambini. Mama yake ameniruhusu nilitaje jina la mtoto bila kumtaja yeye. Alimwita Shilo tangu akiwa tumboni. Basi maneno yakaanza. Baba mkwe alisema hilo ni jina la mwanamume, mtoto abadilishiwe. Mzee mmoja wa maombi akasema si jina la mtu kabisa, ni jina la mahame, mahali palipolaaniwa. Na karani mmoja, aliposoma «Shilo» kwenye karatasi, hakumtazama mtoto mgongoni. Aliandika kwamba ni wa kiume. Leo kadi inasema mvulana, na mama anaogopa kwamba siku wakiitwa kuhakikiwa ataambiwa amemleta mtoto wa mwenzake. Akaja kwangu akasema, «Mwalimu, wewe umesoma, niambie kama nimekosea.» Nimelitafuta jina hili kwa bidii, na haya ndiyo niliyoyapata.

Shilo ni neno la Kiebrania, na kwanza kabisa ni jina la mahali. Palikuwa mji katika milima ya Efraimu, kilometa 30 hivi kaskazini ya Yerusalemu. Waarabu wa huko hupaita Seilun hadi leo. Katika kitabu cha Yoshua, sura ya 18, wana wa Israeli walikusanyika Shilo, wakaisimamisha hema ya kukutania, na makabila yaliyokuwa bado hayana ardhi yakagawiwa ardhi hapo kwa kura. Naomba mliangalie jambo hili kwa macho ya mkimbizi. Watu waliotembea miaka mingi, wanaishi chini ya turubai, wanasimama mstari kungoja kiwanja, na hata mahali pao pa ibada ni hema. Shilo ndipo walipoambiwa, shamba lako linaanzia hapa na linaishia pale.

Ni hapo Shilo pia Hana, mke wa Elkana, alipokwenda kuomba mtoto, na kuhani Eli akamdhania amelewa kwa sababu midomo ilicheza bila sauti. Akampata Samweli, akamrudisha Shilo alelewe huko. Mama wa mtoto wetu aliniambia kwamba ndicho kisa alichokuwa akikisoma alipokuwa mjamzito, baada ya kupoteza mimba mbili. Kwake Shilo ni mahali ambapo mwanamke alisikilizwa.

Nikisema maana ya neno, lazima niseme kwamba wataalamu hawakubaliani, na anayekwambia ana hakika moja tu usimwamini upesi. Wengi hulihusisha na shina la Kiebrania lenye maana ya kutulia, kustarehe, kukaa bila hofu; kutoka shina hilo Waebrania wana neno shalva, yaani utulivu. Nimewasikia wahubiri wakisema Shilo ni sawasawa na shalom. Si kweli, ni mashina mawili tofauti, ingawa maana zake ni majirani.

Ugumu unatokea katika kitabu cha Mwanzo, sura ya 49, mstari wa 10, pale Yakobo anapombariki Yuda na kutaja kuja kwa Shilo. Je, huyo ni mtu au ni mji? Wafasiri wa kale waliotafsiri kwa Kiyunani walilisoma neno kama «kile kilicho chake». Yule aliyetafsiri kwa Kilatini alisoma kama «atakayetumwa». Wengine hulikata mara mbili wakapata «zawadi kwake». Wayahudi katika Talmudi walilihesabu miongoni mwa majina ya Masihi. Biblia yetu ya Kiswahili, ile ya Union Version, haikuliacha neno lenyewe katika mstari huo. Ilitafsiri maana, kwamba ni yule ambaye utawala ni haki yake. Ndiyo sababu wengi wenu mmeisoma sura hiyo mara nyingi wala hamkumwona Shilo hapo.

Sasa swali la baba mkwe: ni jina la kiume? Katika Biblia yote hakuna mwanamume aliyepewa jina hili wala mwanamke. Yuko nabii Ahiya wa Shilo, lakini hiyo ni kusema kwao ni Shilo, kama tunavyosema fulani wa Butembo. Kuwaita watoto Shilo ni desturi iliyokuja baadaye sana, na walioichukua walilitumia kwa wavulana na kwa wasichana. Bado ni jina la nadra. Ni rahisi zaidi kulikuta kwenye kibao cha kanisa kuliko kwenye daftari la shule. Wafanyakazi wa mashirika labda watamkumbuka Angelina Jolie, aliyekuwa Balozi Mwema wa UNHCR kuanzia mwaka 2001, kisha mjumbe maalumu kuanzia 2012 hadi 2022. Alijifungua binti kule Namibia tarehe 27 Mei 2006, akamwita Shiloh. Mama wetu hakuwa na habari yoyote ya mcheza sinema huyo, na nilipomweleza alicheka.

Lugha ya Kiebrania hutenganisha sana mume na mke. Hata kusema «wewe» lazima uangalie unayesema naye: mwanamume ni ata, mwanamke ni at. Mtu angeweza kudhani kwamba kwa watu wa lugha ya namna hiyo jina linalokaa pande zote mbili lingeshangaza kidogo. Kwetu sisi lina ajabu gani? Kiswahili kinasema «yeye» kimeishia hapo. Katika darasa langu nina Bahati wa kiume na Bahati wa kike, vivyo hivyo Furaha, Amani na Baraka. Majirani zetu Watoro humwita Kiiza mtoto anayefuata mapacha, na anayemfuata Kiiza ni Kaahwa, wala hawaulizi kwanza ni wa kiume au wa kike. Wenyeji wetu Wakonzo wana Muhindo, mtoto aliyegeuza mfululizo: wamezaliwa wavulana watupu, akaja msichana, au wasichana watupu, akaja mvulana. Kwetu Wanande, ng'ambo ya mto Lhubiriha, tunatenga: wa kiume ni Muhindo, wa kike ni Kahindo. Upande huu utamkuta Muhindo mwenye ndevu na Muhindo anayenyonyesha, na hakuna aliyeshtuka. Baba mkwe, ambaye ni mtu wa haki, nilipomtajia Muhindo alinyamaza kidogo, kisha akasema, «Sawa, lakini Muhindo ni jina letu.» Hapo sina la kumjibu. Kila mtu hupenda la kwao.

Neno la mzee wa maombi ni zito zaidi, nami namheshimu, kwa sababu amesema kweli. Shilo iliharibiwa. Wafilisti waliwapiga Israeli, sanduku la agano likachukuliwa, na Eli akaanguka akafa. Nabii Yeremia, miaka mingi baadaye, aliwatishia watu wa Yerusalemu akiwaambia waende Shilo wakaone palivyofanywa. Wachimbaji kutoka Denmark walianza kuchimba hapo mwaka 1926, na wengine wakachimba kati ya 1981 na 1984. Walikuta majivu na mitungi iliyovunjika ya mji ulioungua yapata miaka 1,050 kabla ya Kristo. Kwa hiyo ni mahame kweli.

Lakini nimwulize mzee: kijiji chako leo kikoje? Changu mimi nilikiacha kinawaka. Kama jina la mahali palipochomwa haliwezi kupewa mtoto, basi wengi wetu hatuna mahali pa kutoa jina. Tena kisa chenyewe kinatuonyesha mwanamke mwingine. Habari ya vita ilipofika Shilo, mkwe wa Eli alikuwa mjamzito. Uchungu ukamshika, akazaa, akamwita mtoto Ikabodi, yaani utukufu umeondoka, naye akafa. Alimpa mtoto jina la msiba wa siku ile. Sisi tunalijua jambo hilo sana. Nina wanafunzi wanaoitwa Mateso, Tabu, Shida, Sikujua. Siwalaumu wazazi wao, walisema walichokiona. Lakini mwanamke wa kambi hii, naye alikimbia bunduki, hakumwita mtoto wake Ikabodi. Alirudi nyuma katika kitabu kilekile mpaka pale Hana aliposikilizwa, akachukua jina la hapo. Mimi kwa maoni yangu hakukosea, na jina libaki.

Kinachonitia wasiwasi ni maandishi. Sisi wa Kongo tumesoma Biblia ya Kifaransa ya Segond. Humo katika Mwanzo wameandika Schilo, na katika Yoshua wameandika Silo. Kwa Kiswahili ni Shilo. Kwa Kiingereza ni Shiloh, na h mwishoni. Mtoto mmoja anaweza kuwa watoto wanne kabla hajaota meno! Na silo kwa Kifaransa ni ghala la nafaka. Binti yetu asije akaandikishwe kuwa ghala.

Hapa naomba wafanyakazi wa mashirika wanisikilize kwa makini, maana si Shilo peke yake. Kwa desturi yetu ndugu wa baba mmoja na mama mmoja hawana jina moja la ukoo. Kwa Wanande mvulana wa kwanza ni Paluku, wa pili Kambale, wa tatu Kasereka, halafu Kakule, Katembo, Mbusa. Kwa Wakonzo ni Baluku, Bwambale, Masereka, Kule, Thembo, Mbusa. Karani anayetafuta jina la ukoo kwenye karatasi ya Kambale na ya Kasereka anaona watu wawili wasiohusiana, kumbe wamelala tumbo moja. Na karani wa upande huu, kwa wema tu, akisikia Kambale huandika Bwambale, kwa kuwa ndivyo wanavyosema kwao. Baadaye ndugu anamtafuta Kambale kwenye orodha na hayupo. Wazazi wetu wengine wana majina matatu yasiyofuatana vizuri kwa sababu mwaka 1972 Mobutu aliwakataza Wazaire majina ya kizungu, wakatafuta ya babu, na utawala ule ulipokwisha wakayarudia yale ya ubatizo. Hawakuyaficha majina yao. Walibadilishiwa, wakabadilisha tena.

Kwa hiyo nawaomba makarani mambo mawili. Mwulizeni mzazi jinsia ya mtoto, msiibahatishe kwa jina. Na andikeni jina kama mzazi anavyolitaja, herufi kwa herufi, kisha mmsomee. Nanyi wazazi, chagueni maandishi ya namna moja, yawe yaleyale kwenye karatasi ya kuzaliwa kutoka kituo cha afya, kadi ya chanjo, kadi ya chakula, cheti cha ubatizo na daftari la shule. Asiyejua kuandika asione haya kumwambia mwalimu amwandikie kwenye kipande cha karatasi, akakitembeze nacho.

Kamati imekubali kwamba Jumamosi hii, kuanzia saa tatu asubuhi, walimu wanne tutakaa katika darasa la tatu kuangalia kadi za watoto wote wasiozidi miaka mitano. Njoo na kadi zote ulizo nazo, hata iliyochanika, na mtoto mwenyewe. Makosa tutayaandika katika orodha moja, na Mwenyekiti ataipeleka kwa wahusika Jumatatu. Shilo, herufi tano, wa kike, tayari ni wa kwanza kwenye orodha hiyo.