Matembezi ya Jioni Chake Chake: Tule Huku Tukiuliza

Somo letu la leo halihitaji daftari wala kalamu. Lahitaji miguu, pua, macho, na fedha kidogo mfukoni. Nataka tutembee pamoja jioni moja katika mji wa Chake Chake, hapa kisiwani Pemba, tule vyakula vya mtaani, na huku tukila tuulizane: hiki kimetoka wapi, kimepikwaje, na je, naweza kumpa mtoto niliyemshika mkono bila ya wasiwasi? Nawe unayeyasoma maneno haya kijitabuni kwa kuwa siku ile redio ilikuwa haina betri, karibu. Tembea nasi.

Najua yuko mzee mmoja atakayesema, "Hivi na kula nako kwafundishwa? Mimi nimemla pweza wa Chake tangu sijang'oka meno ya utoto." Ni kweli, mzee wangu. Lakini sikiliza jambo hili. Katika mji wa Hanoi, nchi ya Vietnam, wageni hutoa fedha zao ili mwenyeji awatembeze usiku, kutoka kibanda hiki mpaka kile, wakionja supu ya tambi za mchele iitwayo pho, na mkate wa ngano uliotiwa nyama na majani mabichi. Yule mwenyeji huwaeleza kwamba mkate ule uliletwa na Wafaransa walipoitawala nchi, kisha Wavietnamu wakaugeuza hata ukawa wao. Mgeni hurudi kwao ameshiba, tena amejifunza tarehe ya nchi. Sisi twapita mbele ya masinia yetu kila siku tusiulize lolote. Basi leo na tuwe wageni katika mji wetu wenyewe.

Tuanze kiasi cha saa 1 kasorobo, baada ya sala ya magharibi, pale penye ngome kongwe ambayo siku hizi ni makumbusho. Chake Chake imekaa juu ya mgongo wa kilima, na chini yake ni mkono wa bahari wenye mikoko pande zote. Tukiteremka polepole kuelekea sokoni, utaona wauzaji wanapanga vitu vyao. Huyu anapepea seredani, yule anafunua sinia, na kijana yule anatundika taa. Itazame taa hiyo. Umeme unaoiwasha umepita chini ya bahari kwa waya kutoka Tanga, nao ulifika Pemba mwaka 2010. Kabla ya hapo mji ulitegemea mashine za mafuta, na giza lilikuwa halina miadi. Waya ule ulileta taa, ukaleta na mafriji, na mafriji yakaleta barafu. Likumbuke neno hilo barafu, maana tutalirudia mbele.

Kituo cha kwanza ni muhogo wa kuchoma. Mama anaupasua kwa kisu, anautia chumvi, pilipili na ndimu. Hapana chakula cha Kipemba kuliko hiki, sivyo? Lakini muhogo ni mgeni. Asili yake ni Amerika ya Kusini, na Wareno ndio walioueneza katika pwani za Afrika. Pilipili nayo ilitoka mabara ya Amerika, na mahindi na mbatata vilevile. Jirani yake anauza sambusa, bajia na kachori, na hizi bajia na kachori nasaba yake ni Bara Hindi. Halua twaijua, jamaa zake wako Oman. Kitumbua cha mchele na tui la nazi nakiacha kipite, kwani kila msikilizaji ana mama au shangazi ambaye ndiye bingwa wa vitumbua duniani, na mimi sitaki ugomvi.

Sasa tusimame kwa pweza, na hapa tusimame kwa muda.

Pweza hakuletwa na jahazi lolote. Yeye ni wa kwetu, wa miamba iliyozunguka kisiwa. Wakati wa bamvua, maji yanapotoka sana na mwamba ukabaki wazi, wanawake na wanaume huteremka na vijiti vyenye ncha kumtafuta katika mapango yake. Wengine humfuata kwa kupiga mbizi. Akishapatikana hupondwa ili alainike, maana nyama yake ni ngumu kama kamba ya nanga. Kisha huchemshwa, hutiwa juu ya makaa, hukatwa vipande vidogo, na wewe hudunga kipande kwa kijiti ukachovya katika pilipili. Supu yake hunywewa kwa bakuli, na waume wa Pemba wana maneno yao juu ya faida za supu hiyo, ambayo mimi sina cheti cha kuyathibitisha wala kuyakanusha.

Lakini umtazame pweza aliye katika sinia. Ukubwa wake ni upi? Mikono yake ni minene kama kidole gumba, au myembamba kama penseli ya mwanafunzi? Swali hili si la ulafi. Pweza wa miamba yetu ana maisha mafupi, kiasi cha mwaka mmoja au zaidi kidogo. Katika muda huo hukua upesi mno, hata ukimwacha mwezi mmoja tu baada ya siku uliyomwona mdogo, utamkuta ameongezeka uzito ajabu. Jike hutaga mara moja tu katika umri wake, mayai mamia ya maelfu, akayatundika ndani ya pango. Hukaa kuyalinda bila ya kwenda kuwinda, na yakishaanguliwa hufa. Kwa hiyo anayevuliwa akiwa mdogo amekufa hajaacha mtoto hata mmoja. Na mvuvi aliyemtoa leo amepata kitoweo cha sahani moja, mahali ambapo angengoja kidogo angepata cha nyumba nzima.

Wako wenzetu waliolifahamu jambo hili wakalifanyia kazi. Huko Kisiwa Panza, kusini ya Pemba, wavuvi walikubaliana wenyewe, katika miaka ya 2010, kuufunga sehemu ya mwamba wao kwa miezi kadhaa. Asiingie mtu. Ilipofika siku ya kuufungua, watu walikwenda kwa pamoja na wakatoka na pweza wakubwa. Fikra hiyo ilianza Madagaska, na hapa kwetu shirika la Mwambao limewasaidia wanavijiji kuifuata katika sehemu mbalimbali za pwani. Sisemi ni kazi nyepesi. Mwenye njaa ya leo kumwambia angoje miezi mitatu ni neno zito, na mwizi wa usiku hakosekani. Tanzania Bara kanuni za uvuvi zinakataza kumvua pweza aliye chini ya gramu 500. Lakini sheria haikai juu ya kila jiwe la mwamba, na mnunuzi yuko mbele ya kila sinia. Ukimwona pweza mdogo, mwambie muuzaji kwa upole, "Kaka, mimi nitangoja mkubwa." Akiambiwa hivyo na watu kumi usiku mmoja, alfajiri naye atamwambia mvuvi vivyo hivyo. Bei hushuka mwambani kutoka mtaani, haipandi kutoka mwambani kuja mtaani tu.

Haya, twende mbele. Kiu imetushika, na pale pana maji ya miwa yanayokamuliwa kwa mashine, yakatiwa ndimu na tangawizi. Pembeni yake pana juisi ya embe, ya ukwaju, na kuna sufuria kubwa la urojo: uji mwepesi wa manjano wenye ukali wa ndimu, ndani yake bajia, mbatata, na juu yake chatne ya nazi. Ni chakula kitamu, nami ni mpenzi wake mkubwa. Na hapa ndipo penye hatari kuliko pahala pote tulipopita. Kwa nini?

Muhogo ulitoka motoni ukaja mkononi mwako. Kitumbua kimetoka katika mafuta yanayotokota. Pweza amechemshwa kisha akachomwa. Moto umewapitia wote. Juisi haikupita motoni. Chatne haikupita motoni. Urojo umepita motoni, lakini tangu hapo umekaa vuguvugu kwa saa nyingi, ukichotwa kwa upawa uleule. Na barafu, niliyokwambia ulikumbuke neno lake, watu wengi hudhani kuwa baridi yake huua vijidudu. Haiui. Barafu ni maji yaliyolala. Kama maji yalikuwa machafu, barafu itakuwa chafu, na ikiyeyuka katika gilasi yako, vijidudu vitaamka pamoja nayo. Ndimu nayo hupunguza nguvu za baadhi ya vijidudu, lakini usiifanye kuwa daktari wako.

Kipindupindu kiliingia Zanzibar mwaka 1978, katika kijiji cha wavuvi, na tangu hapo kimerudi mara nyingi. Mlipuko ulioanza mwaka 2015 na kuendelea 2016 uliwaugua watu zaidi ya 4,000 katika visiwa hivi, na wengine wakafa. Serikali ilipiga marufuku kwa muda uuzaji wa vyakula na vinywaji vya wazi. Amri hiyo ilikuwa na sababu yake, wala siilaumu. Lakini fikiri juu ya yule mama wa vitumbua, ambaye mafuta yake yalikuwa moto na mikono yake safi. Naye alizima jiko. Ada ya skuli ya wanawe, mafuta ya taa, mchele wa kesho, vyote vilikuwa katika lile karai. Samaki mmoja akioza, wote wameoza, na aliyeoza pengine alikuwa muuza juisi mmoja aliyechota maji kisimani karibu na choo akaona uvivu kuyachemsha. Kwa hiyo usafi wa meza moja ni riziki ya meza zote, na wauzaji wenyewe ndio wangestahiki kuwa wakali kwa mwenzao mchafu kuliko hata bwana afya.

Nawe mlaji utajuaje? Tazama ndoo. Kila kibanda kina ndoo ya kuoshea sahani na gilasi, nayo husema kweli kuliko muuzaji. Jioni ikianza maji ni meupe. Wakishakula watu arubaini na kila bakuli likatumbukizwa mle, utaona yamekuwa kama urojo wenyewe. Bakuli lililotoka katika maji hayo lina midomo ya watu arubaini. Dawa yake ni rahisi, na vijana watakucheka lakini wacha wacheke: chukua kikombe chako na bakuli lako kutoka nyumbani. Wazee wetu walipokwenda safari walifunga vyombo vyao, na hawakuona aibu.

Tazama pia mkono. Ni mkono huohuo unaopokea noti na kushika kachori? Noti imepita mikononi mwa mchuuzi wa samaki, utingo wa gari na mtoto mwenye kamasi. Akitumia koleo au kijiko, mpe heko kwa sauti, wengine wasikie. Tazama kama kuna kifuniko cha kuzuia nzi, na kama kuna ndoo yenye bomba na sabuni ya kunawia.

Na ukitaka kuuliza juu ya maji, uliza kwa adabu. Usije na uso wa hakimu. Kama ni mtu mzima, mwamkie kwanza: "Shikamoo mama. Juisi yako yavutia, nami nina mtoto mdogo. Maji yake yamechemshwa?" Ukiuliza hivyo hukumtukana, umemtaja mtoto, na hapana mama Pemba atakayekasirika kwa kutajiwa mtoto. Akisema yamechemshwa, na wewe huna yakini, nunua maji ya miwa yaliyokamuliwa mbele yako bila ya barafu, au kaa ungoje kahawa.

Naam, kahawa. Hapo ndipo mwisho wa matembezi yetu, penye mabao ya kukalia na wazee wenye habari za dunia nzima. Kahawa chungu imechemka katika dele juu ya makaa, vikombe ni vidogo, na kashata ya njugu iko pembeni. Kikombe kimoja, kipande kimoja cha kashata, na utasikia bei ya karafuu, nani ameoa, na kwa nini timu fulani ilifungwa Gombani. Tazama tu vikombe vinavyooshwa. Nimeshakwambia habari ya ndoo.

Sasa kazi ya nyumbani. Kabla ya somo lijalo, nenda jioni moja penye vyakula, katika mji wako, iwe Chake, Wete, Mkoani au hata Konde. Kaa mahali pamoja kwa saa nzima. Hesabu watu waliokula, na hesabu maji ya ndoo yamebadilishwa mara ngapi. Kisha mpime pweza kwa jicho, uandike kama alikuwa mnene au mwembamba. Asiyejua kuandika amwombe mwanawe aliye skuli amwandikie, na hilo nalo litamnufaisha mtoto. Tuletee hesabu zako, nasi tutazisoma hapa bila ya kutaja jina la muuzaji yeyote. Juma lijalo tutakwenda Wete, tukaone wanga, sukari na samli vinavyokorogwa katika sufuria mpaka vikawa halua, na jinsi mkorogaji anavyojua kwamba imeiva. Kwaherini.