Kuwasamehe waliorudi kutoka Al-Shabaab: ahadi si sheria

1/ Haya ni mazungumzo yangu na vijana wa Pwani, nimeyakata vipande yasomeke hapa. Mimi ni wakili, nawasimamia watu waliotoka Al-Shabaab wanaotaka kurudi nyumbani. Sitaji mwanasiasa wala chama. Mada hii ikizuka, mmoja husema "wasamehewe", mwingine "wafungwe wote". Wote wawili wanaruka swali moja: sheria inasemaje?

2/ Turudi Aprili 2015. Watu 148 waliuawa Chuo Kikuu cha Garissa. Mwezi huohuo serikali ikatangaza msamaha: vijana waliokwenda Somalia wajisalimishe ndani ya siku 10. Baadaye muda ukaongezwa. Kuna waliojitokeza, kuna walioogopa.

3/ Shida ni kwamba lile lilikuwa tangazo tu. Sheria ya Kuzuia Ugaidi ya 2012 ilibaki vilevile. Kifungu cha 24 kinasema kuwa mwanachama wa kundi la kigaidi, hata kama hukufyatua risasi, ni kosa. Kifungo kinaweza kufika miaka 30.

4/ "Si Rais anaweza kusamehe?" Anaweza, kwa Ibara ya 133 ya Katiba, akishauriwa na kamati. Lakini msamaha huo ni wa mtu aliyekwisha kuhukumiwa. Naye Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma, kwa Ibara ya 157, haamrishwi na mtu. Kwa hivyo ahadi ya waziri jukwaani haimfungi.

5/ Sasa chukua mama aliyepigiwa simu na mwanawe: "Mama, nataka kurudi." Anakuja kuniuliza, "Wakili, nimwambie nini?" Siwezi kumwahidi kwamba hatashtakiwa. Namwambia: asijisalimishe peke yake, aje na wakili, na jamaa wajue yuko kituo gani. Afikishwe kortini ndani ya saa 24 kama Ibara ya 49 inavyotaka. Polisi wakihitaji siku zaidi, wamwombe hakimu.

6/ Mbona tahadhari yote hiyo? Kwa sababu anaogopa pande mbili. Kule alikotoka ni msaliti. Hapa nyumbani, watetezi wa haki wameripoti mara nyingi watu waliorudi wakiuawa au kutoweka.

7/ "Na waliofiwa je?" Swali la haki kabisa. Kumpokea mtu si kufuta damu. Aliyeua ashtakiwe, ushahidi upimwe. Sheria ya Kuwalinda Waathiriwa ya 2014 inawapa waliofiwa nafasi ya kusikilizwa kortini. Lakini kijana aliyedanganywa ati anapelekwa kazini, au msichana aliyeozwa huko kwa nguvu, utamweka kapu moja na kamanda?

8/ Majirani zetu Somalia wana utaratibu wa kuwachuja: wanaoonekana si hatari sana hupelekwa vituo vya marekebisho, kama Serendi kule Mogadishu, na wengine hukabili mashtaka. Una kasoro zake, ila angalau mtu anajua kuna mlango na nani anaulinda. Sisi tuna Mkakati wa Kitaifa wa 2016 na mipango ya kaunti, Kwale ikiwa miongoni mwa za kwanza. Lakini mkakati si sheria. Hakimu hahukumu kwa mkakati.

9/ Kwa hivyo, mwanasiasa akisimama na kusema "msamaha", muulize: Utaleta mswada gani bungeni? Nani atawachuja? Waliofiwa wataketi wapi? Anayesema "wafungwe wote", naye muulize: ukifunga mlango, yule anayetaka kutoka aende wapi na bunduki yake?

10/ Mimi naunga mkono mlango wenye sheria: mtu anaingia akijua atakachoulizwa, na aliyefiwa anajua hakusahaulika. Maswali yaleteni hapa chini. Kama una ndugu kule anayetaka kurudi, usiandike jina lake hapa. Tafuta wakili kwanza.