Mirungi na Foleni ya Pantoni



Kabla daraja la Kigongo–Busisi halijafunguliwa Juni 2025, tulivuka kwa pantoni. Nilikuwa dereva wa lori. Foleni ya usiku ikirefuka, nilitafuna mirungi nisisinzie. Majani yake mabichi yana kathinoni, yenye undugu na amfetamini: hupandisha mapigo ya moyo na shinikizo la damu, hufukuza njaa na usingizi. Basi, usingizi ulikuja kunidai njiani Sengerema, nikaingia mtaroni. Mimi nilitoka mzima. Mguu wa utingo wangu haukupona.

Nasikia wapo wanafunzi wanaotafuna wakeshe na vitabu. Waje tuzungumze, sitamwambia mwalimu. Nyumba yangu ipo Kigongo, karibu na gati la zamani.