Sherifu wa Mfalme na Mipaka ya Mamlaka



Tumeombwa tunene juu ya mipaka ya mamlaka, nasi twaanzia mbali. Katika Uingereza ya Waanglo-Saksoni, kabla ya Wanormani kuiteka mwaka 1066, mfalme alikuwa na mtumishi wake wilayani aliyeitwa sherifu, yaani msimamizi wa wilaya. Huyu alikusanya kodi na mapato ya mashamba ya mfalme, akapokea faini, akatangaza amri na kulinda amani.

Baraza la wilaya lilikutana mara mbili kwa mwaka kuamua mashauri. Sheria ya Mfalme Edgar, aliyefariki mwaka 975, iliagiza askofu na liwali wahudhurie, mmoja afafanue sheria ya Mungu na mwenziwe sheria ya dunia. Lakini maliwali walipokabidhiwa wilaya kadhaa kwa pamoja, kiti cha baraza kilimwangukia sherifu. Hapo ndipo hatari ilipozaliwa: mpokea faini akawa ndiye mwongoza baraza linalotoza faini. Mpini wake, na makali yake.

Mwaka 1027 Mfalme Cnut, aliyekuwa amekwenda Roma, aliwaandikia raia zake barua. Aliwaamuru masherifu wasimwonee mtu yeyote, awe tajiri au maskini, akasema hana haja ya fedha iliyokusanywa kwa dhuluma. Maneno mema, ila hayakutosha. Mwaka 1170 Mfalme Henry wa Pili alilazimika kuwachunguza masherifu na kuwaondoa wengi wao. Mwaka 1215 Magna Carta ikawakataza kuamua kesi kuu za jinai, na kutwaa farasi au mkokoteni wa mtu huru bila ridhaa yake.

Walichokwisha kujikataza kwao, Waingereza walituletea sisi. Chini ya ukoloni, afisa wa wilaya alisimamia kodi na papo hapo akahukumu. Naye chifu alipewa mamlaka makubwa ambayo hayakupunguzwa hadi marekebisho ya mwaka 1997.

Basi tusiridhike na mtawala mwema aandikaye barua njema. Barua hufa na mwenyewe. Tudai sheria, tuisome makanisani na barazani, na kila mtumishi wa umma atoe hesabu mbele ya watu, siku zote, hata akiwa ni mtu wetu.

Mungu atujalie ujasiri huo.