Mtoto wa Jicho na Miwani ya Sokoni

Mfanyabiashara wa soko la Nakawa, kando ya barabara ya Jinja, akishapita umri wa miaka 40 huanza kuliweka mbali daftari lake ili aweze kusoma hesabu. Hilo si ajabu. Lenzi iliyomo ndani ya jicho huzidi kuwa ngumu kadiri miaka inavyopita, na miwani ya kusomea yatosha kumsaidia.

Lakini uzee huleta pia balaa jingine, nalo ni mtoto wa jicho. Protini za lenzi hugandamana na kufanya ukungu, mfano wa ute wa yai unaogeuka mweupe motoni. Ukungu huo hauondolewi na miwani, wala dawa ya matone, wala mizizi. Tiba yake ni upasuaji: lenzi iliyochakaa hutolewa na nyingine ya plastiki kuwekwa mahali pake. Daktari Harold Ridley wa London ndiye aliyeanzisha jambo hilo mwaka 1949, baada ya kuona kwamba vipande vya plastiki za madirisha ya ndege za vita vilivyobaki machoni mwa marubani havikuwadhuru. Leo hii kazi hiyo kwa kawaida haichukui hata saa moja.

Inasikitisha, basi, kuona mzee akibadilisha miwani hii kwa ile mpaka giza linamfunika, na mjukuu anatolewa shuleni ili amshike mkono. Tangu mwaka 1997 serikali ya Uganda ilikwisha kufuta karo ya shule za msingi. Mtoto huyo hazuiliwi na karo, anazuiliwa na jicho la babu yake.

Hata hivyo si haki kuzilaumu familia peke yake. Malipo ya matibabu katika hospitali za serikali yalifutwa mwaka 2001, isipokuwa katika wodi za kulipia, lakini nauli haikufutwa, wala hofu ya kisu. Nakawa ina nafuu kuliko vijiji vingi, kwani hospitali ya rufaa ya Naguru, iliyojengwa kwa msaada wa China, imo ndani ya mipaka yake, na Mulago haiko mbali.

Mzee ambaye taa za magari humtawanyikia machoni usiku, au asiyeweza tena kutofautisha noti ya shilingi elfu moja na ya elfu tano, hana budi kupelekwa akapimwe kabla ya kununuliwa miwani nyingine.